Chumba cha kukuzia nguvu za uganga: yasemwayo na yalivyo

Hadithi za uchawi haziishiwi na vyumba hivi: mawe duara, ukuta wa shaba, mganga ananong'ona neno moja ndani na nje radi inapiga. Ni vya kubuni, na kwa hadithi vinafaa sana. Taabu huanza chumba kinapotoka kitabuni kikaja kukaa nasi barazani huku Mji wa Kale, kahawa mkononi, na watu wazima wakakiapia.

Dhana: chumba huongeza nguvu za anayeomba humo.

Mara nyingi kinachoitwa nguvu ni sauti tu. Niliwahi kuteremka ndani ya birika tupu la kuhifadhia maji kwa mjomba, tukilisugua. Nikaguna kwa sauti nzito, mmm, na ukuta mzima ukaguna nami mpaka nikahisi mbavu zinatetemeka. Nilipopandisha sauti kidogo tu, mvumo ukakatika. Wimbi la sauti likilingana na upana wa mahali, linagonga ukuta, linarudi, linakutana na lijalo nyuma yake, yanajazana. Birika halikuniongezea chochote. Sauti ni yangu ile ile, imekosa pa kutokea. Kule Malta kuna mahali pa maziko pa kale, Ħal Saflieni, palipochongwa chini ya ardhi kwenye mwamba, na kimojawapo cha vyumba vyake huvuma vivyo hivyo kwa sauti nzito.

Dhana: Wazungu wameshathibitisha.

Anayetajwa ni Wilhelm Reich, daktari Mwaustria aliyehamia Marekani mwaka 1939. Alitengeneza makasha ya mbao yenye bati ndani, makubwa ya kutosha mtu kukaa, akidai yanakusanya nguvu ya uhai. Mwaka 1941 akampelekea mwanafizikia Albert Einstein kasha dogo. Einstein alipima, na kweli joto juu ya kasha lilizidi kidogo. Akaendelea kupima, akakuta sababu ni hewa ya chumba chenyewe: huku darini joto, kule chini ya meza baridi. Mwaka 1954 mahakama ya Marekani ikapiga marufuku kuyasafirisha makasha hayo. Reich alikaidi, akafungwa, akafia gerezani mwaka 1957. (Na wanaosema wembe hunoleka ndani ya kijumba cha umbo la piramidi, wanyolewe wao kwanza.)

Dhana: ukiona kizunguzungu, nguvu zimefika.

Hii ndiyo inayonitisha. Chetezo katikati, makaa yamekolea, ubani juu yake, mlango umefungwa, dirisha limezibwa kwa kanga. Makaa yakikosa hewa ya kutosha hutoa kaboni monoksaidi, gesi ya sumu isiyo na rangi wala harufu, na hata ingekuwa na harufu nani angeinusa kwenye ubani ule? Hung'ang'ania damu zaidi ya mara 200 kuliko oksijeni. Kichwa kinauma, moyo unachafuka, miguu inalegea, usingizi unakuja, na mwingine haamki tena. Wenziwe wanasema pepo kampanda, wanazidisha ubani.

Ubani hauna kosa, na dua haimwagiki kwa dirisha lililo wazi. Mtu akianguka, atolewe nje penye hewa, apelekwe hospitali. Kama ni pepo au ni makaa, mtabishana akishazinduka.