Kama kuna mtu ndani, hiyo si roboti

Jumamosi usiku, kibanda umiza cha Kirumba, Mwanza, harufu ya dagaa wa Mwaloni inaingia na upepo wa ziwa. Kwenye skrini ni Pacific Rim: Uprising ya mwaka 2018, mwendelezo wa ile ya 2013. Mtafsiri anaifunika sauti ya muvi: "Steringi kaingia ndani ya roboti!" Nikashika kichwa. Ilikuwa mara ya nne.

Roboti ni mashine inayofanya kazi yenyewe kwa maelekezo iliyopangiwa. Basi. Sura ya mtu si sharti: mkono wa chuma unaochomelea bodi za magari kiwandani ni roboti, na hauna kichwa wala miguu.

Kinachoniudhi ni hilo neno "ndani". Yale majitu ya kwenye muvi yanaitwa Jaeger, Kijerumani cha mwindaji, na kwa kawaida huendeshwa na marubani wawili waliounganishwa akili. Daraja la Kigongo–Busisi lilipokuwa likijengwa, tulivuka kwa feri tukitazama winchi zikinyanyua vyuma juu ya maji, kila moja na mtu wake kwenye kichumba cha vioo. Sikumsikia abiria akisema "oneni roboti". Ila winchi hiyohiyo ukiipa ngumi na kuipaka rangi, dereva anasahaulika! Wajapani, ambao katuni yao ya Mazinger Z ya mwaka 1972 ilimweka kijana kichwani mwa jitu aliendeshe, ndio waliotupa neno meka: kwao ni mashine yoyote, ila nje ya Japani linatumika kwa majitu kama hayo yanayoendeshwa na mtu.

Na "roboti" lenyewe halikuanza na chuma. Karel Čapek, mwandishi wa Kicheki, aliandika tamthilia ya R.U.R. mwaka 1920, ikachezwa Prague mwaka uliofuata. Ndani yake kuna kiwanda cha kutengeneza wafanyakazi, naye akawa anafikiria kuwaita labori, kwa Kilatini cha kazi. Neno halikumkaa. Akamfuata kaka yake Josef, mchoraji, akamkuta anapaka rangi na brashi nyingine kaibana mdomoni. Josef hata hakugeuka. Akanong'ona kupitia brashi: waite roboti.

Robota kwa Kicheki ni kazi ambayo mkulima alilazimishwa kumfanyia bwana mwenye ardhi, bila ujira. Sisi tunaiita shokoa. Babu zetu waliochimbishwa barabara za mkoloni wangemwelewa Josef bila kamusi. Tena roboti wa Čapek walikuwa wa nyama, nyama ya kutengenezwa, wafanane na watu. Mwishowe waliasi wakawamaliza mabwana zao, kama ambavyo shokoa huzaa. Kwa hiyo kinachoifanya roboti iwe roboti ni kutumikishwa, kufanya kazi ya mwingine, huyo mwenye kazi akiwa hayupo. Sasa lile jitu la Kirumba limebeba watu wawili wanaotoka jasho, wanapiga kelele, wanavunjika mbavu. Anayetumikishwa hapo ni nani?

Muvi ilipoisha nilimnunulia mtafsiri soda. "Kaka, unafanya kazi nzuri. Ila pale sema jitu la chuma."

Akacheka. "Mzee wangu, jitu la chuma ni refu. Nikimaliza kulitamka, ngumi zimeshaisha."

"Basi sema meka. Ni fupi kuliko hata hiyo roboti yako."