Rejareja katika utalii wa jasura ni nini?

Rejareja ni kumuuzia mtumiaji mwenyewe, kimoja kimoja, tofauti na jumla. Utalii wa jasura, hapa kwetu Zanzibar, ni ule wa kutoka jasho na kurowa: kuzamia Mnemba au Misali, kuvutwa na tiara juu ya maji Paje, kuendesha baiskeli mpaka msitu wa Jozani. Ukiyaweka pamoja, unapata duka linalosimama baina ya mgeni na bahari.

Usitarajie rafu zilizojaa, lakini. Mgeni huja na miwani na mrija wake begini. Asichoweza kubeba ni mtungi wa hewa na vyuma vya uzito, na hivyo hukodi. Kwa hiyo rejareja yetu ya pwani ni kukodisha zaidi kuliko kuuza. Kinachouzwa ni kilichosahauliwa au kilichokatika: mkanda wa miwani, mafuta ya kukinga jua, viatu vya mpira. Viatu hivyo mgeni huvidharau mpaka maji yapwe, akakanyage mwamba kwa nyayo zake.

Bidhaa kubwa zaidi dukani haina bei: ni ushauri. Kwenye uzamiaji, duka, shule na boti mara nyingi ni nyumba moja, na kabla ya kupewa mtungi utaombwa kadi ya mafunzo. Halafu linakuja swali: ndege yako lini? Mzamiaji anapovuta hewa kwenye kina, naitrojeni hujikusanya mwilini. Akipanda ndege mapema, shinikizo likashuka, inaweza kugeuka mapovu. Aliyezamia zaidi ya mara moja hushauriwa angoje angalau saa 18. Asiyeuliza hilo, mie simwiti muuzaji. Huyo ni mpanga vitu tu.

Si ajabu basi kwamba baadhi ya maduka haya yameanzishwa na wenye mchezo wenyewe. Mwaka 1938, mjini Seattle, Marekani, Lloyd na Mary Anderson na wapanda milima wenzao waliunda ushirika wa kununulia vifaa, maana vizuri vilikuwa ghali na vigumu kupatikana. Ushirika huo, REI, upo hadi leo.

Kwetu mwenye kalenda ni upepo. Tiara hurushwa kwa kaskazi, Desemba hadi Machi, kisha kwa kusi, Juni hadi Septemba. Katikati kuna masika: wageni wachache, vifaa vimekunjwa, na kodi ya banda haingoji upepo. Ukiona bei ya Januari imepanda, ujue na Mei imo humo.