Hades ni Nani, na Kwa Hades ni Wapi?

Ukisoma visa vya Wagiriki wa kale utakutana na sentensi kama "Hades akapanda gari lake la farasi." Kurasa mbili mbele unaambiwa "roho ya shujaa ikashuka Hades." Msomaji anabaki anajiuliza: huyu ni mungu au ni mahali? Jibu ni yote mawili, na sisi tunaozungumza Kiswahili tumebahatika kulielewa upesi.

Wagiriki wa Athens walipotaka kusema mtu amekwenda kwa wafu, walisema *eis Haidou*. Neno la kwanza linaonyesha kuelekea na kuingia. La pili maana yake ni "ya Hades". Nyumba yenyewe haikutajwa, ikaachwa ieleweke. Ni sawasawa na neno letu "kwa". Dar es Salaam watu hushuka Kwa Azizi Ali, Nairobi kuna Mukuru kwa Njenga, na hakuna anayeshuka kituoni akitarajia kupokelewa na mwenye jina. Jina la mwenye nyumba limegeuka jina la mtaa. Kwa Hades ilikuwa hivyo hivyo, na baadaye hata ile "kwa" ikadondoka, likabaki Hades tupu.

Mwenye nyumba alikuwa mtoto wa Kronos na Rhea. Mshairi Hesiod anawataja watoto sita: Hestia ndiye kifungua mimba, kisha Demeter (mungu wa nafaka), Hera, Hades, Poseidon, na kitinda mimba Zeus. Kronos alikuwa ameonywa kwamba mwanawe atampindua, basi kila mtoto akizaliwa alimmeza. Zeus peke yake ndiye aliyenusurika: mama alimficha Krete, akamfungia baba jiwe ndani ya nguo za kichanga, naye Kronos akalimeza. Hades alikuwa mmoja wa waliokaa tumboni mwa baba yao hadi walipotapikwa. Nikisoma habari zake hunijia wazo kwamba mungu huyu alianza maisha gizani, na gizani ndiko alikorudi.

Alirudi kwa kura. Katika Iliad, utenzi wa kale wa vita vya Troya, Poseidon anaeleza kwamba ndugu watatu walipigiana kura, si kura ya kuchagua kiongozi bali ile ya bahati. Zeus akapata mbingu, Poseidon bahari, Hades giza la chini. Dunia na mlima Olympus vikabaki vya wote. Kwa hiyo Hades hakufukuzwa mbinguni kwa kuasi. Siku hizi katuni na michezo ya kompyuta humchora kama shetani, na naona anaonewa. Wala si yeye anayeua: kifo chenyewe kina mungu wake, Thanatos, pacha wa Usingizi. Hades hupokea waliokwisha kufa, na akishampokea mtu hamwachii. Watu walilikwepa jina lake, wakamwita Plouton, yaani mwenye utajiri, kwa sababu nafaka huchipuka kutoka ardhini na madini huchimbwa humo humo. Ndiko Warumi walikopata jina Pluto.

Sasa tuje kwenye ndoa yake, ambapo undugu unasokotana kama ukindu. Mke wake ni Persephone, mtoto wa Zeus na Demeter. Zeus na Demeter ni ndugu wa tumbo moja, na Hades ni ndugu yao. Lugha nyingine zingesema tu Persephone aliolewa na ndugu wa mzazi wake, basi. Kwa Kiswahili jambo linaonekana lote: kwa upande wa baba, Hades ni baba yake mkubwa (tukifuata mpangilio wa Hesiod), kwa upande wa mama ni mjomba wake. Naye Demeter, dada yake Hades, akawa mama mkwe wake.

Utenzi wa kale wa Demeter unasimulia kwamba binti alikuwa akichuma maua na wenzake. Akaona ua la nargisi lenye kupendeza ajabu, akanyoosha mikono yote miwili, na ardhi ikafunguka, Hades akatokea akamchukua. Zeus alishakubali posa bila mama kujua. Demeter akazunguka siku tisa na mienge mikononi, hali wala haogi. Alipojua ukweli alizuia mbegu zisiote, hadi wanadamu wakakaribia kuangamia kwa njaa, na miungu kukosa sadaka. Zeus akasalimu amri, akamtuma Hermes, mjumbe wa miungu, amrudishe binti. Lakini kabla hajaondoka, Hades alimlisha kwa siri punje ya komamanga, tamu kama asali. Punje moja tu katika utenzi huo. Mshairi Ovidius wa Roma anataja punje saba katika shairi moja, na tatu katika jingine. Aliyekula kule ni wa kule. Kwa hiyo theluthi moja ya mwaka Persephone hukaa kwa mumewe, theluthi mbili kwa mama yake.

Mahali penyewe pana mito: Styx, Lethe wa usahaulifu, Kokytos, Pyriphlegethon wa moto, na Acheron. Huu wa mwisho upo kweli, unatiririka Epirus, kaskazini-magharibi mwa Ugiriki. Wafiwa walimwekea maiti sarafu ndogo mdomoni, nauli ya mvushaji Charon. Tartaros ni kwingine, chini zaidi, walikofungwa Watitani, miungu wa kizazi cha Kronos: Hesiod anasema fuawe ikianguka kutoka duniani itachukua siku tisa, ifike ya kumi.

Biblia ya Kiswahili, katika Mathayo 16:18, inasema "milango ya kuzimu". Kigiriki chake ni milango ya Hades. Neno limechaguliwa vizuri: ndani ya kuzimu mna *ku-* ya mahali, na *-zimu* ile ile ya mzimu. Si Jehanamu, ambayo katika Kigiriki ni neno jingine, Geenna. Ila Kuzimu ni mahali tu. Huwezi kusema Kuzimu alipenda, Kuzimu akaoa. Huyo mwenye nyumba bado anahitaji jina lake.