Hadithi ya mwanzilishi wenu haimhusu mteja

Wiki hii nimeletewa wasifu mwingine wa kampuni unaoanza na mwanzilishi mwenye mtaji mdogo na ndoto kubwa. Juu yake mteja kaandika: "Stori tumeshaweka, wewe nyoosha Kiswahili tu." Jamani! Kazi yangu ni kuhariri maandishi ya kampuni, na imani hii imenichosha: kwamba hadithi katika biashara ni maisha ya mwenye mali, yametiwa machozi kidogo na kubandikwa kabla ya bei.

Anayeusoma wasifu huo ni afisa ununuzi mwenye rundo la mafaili mezani. Anataka kujua mtu mwenye shida kama yake alisaidiwaje. Huyo ndiye mhusika mkuu. Mwanzilishi akae ukurasa wa mwisho, na picha yake akipenda.

Tazameni M-Pesa ya Kenya. Majaribio yalianza 2005, lengo likiwa watu warejeshe mikopo midogo kwa simu. Watu wakaanza kutumiana hela wao kwa wao. Safaricom walipoizindua Machi 2007, hawakutangaza mitambo wala safari ya kampuni. Walitumia maneno matatu ya Kiingereza, "Send Money Home", yaani tuma pesa nyumbani. Aliyeko Nairobi na mama yake yuko kijijini alijiona humo: kuna aliyeondoka, kuna anayesubiri, na kuna umbali katikati. Kampuni yenyewe haimo. (Sidai kwamba maneno matatu ndiyo yaliyojenga biashara ile. Bila mawakala mitaani yangebaki kwenye bango.)

Ila kinachonikera kuliko wasifu ni tangazo la kuomba radhi. Mnalijua:

"Kutokana na changamoto za kiufundi zilizo nje ya uwezo wetu, huduma ilisitishwa kwa muda. Hatua stahiki zimechukuliwa. Tunaomba radhi kwa usumbufu wowote uliojitokeza."

Mtafuteni mtu humo. Nani alisitisha? Hatua zipi, na kachukua nani? Na huo "usumbufu wowote" ni upi, wakati aliyeshindwa kulipia dawa dirishani anaujua vizuri sana? Kiswahili kimetupa -ka-, na hata mtoto anaitumia: akaenda, akakuta, akarudi. Kila tendo linashika mkono wa lililotangulia, na kila tendo lina mwenyewe. Unaweza kujificha hata hapo, ukaandika "hatua zikachukuliwa", lakini sikio linashtuka na kuuliza: na nani? Ndiyo maana ofisi zinaikwepa -ka- na kujaza "imebainika" na "imeonekana".

Jaribuni hivi: "Jumanne saa nne usiku mtambo wetu wa malipo ulizimika. Mafundi wakauwasha saa nane, lakini malipo ya saa hizo hayakuingia. Tunayaingiza sasa moja moja. Kama lako halijaonekana kufikia Alhamisi jioni, tupigie." Hiyo ni hadithi. Haina mwanzilishi wala ndoto. Ina jambo lililotokea, likasababisha jingine, na msomaji anajua zamu yake ni ipi.

Mtasema ujumbe wa simu hauna nafasi. Ujumbe mmoja ni herufi 160. Ile sentensi ya changamoto zilizo nje ya uwezo wetu inameza zaidi ya theluthi yake kabla haijasema kitu.

Mwanasheria wa kampuni naye atasema mnakiri kosa. Wakati mwingine ana haki, na sina jibu linalomridhisha. Huwa nashauri kusema kilichotokea na afanye nini mteja, lawama ziachwe. Bado tunavutana.

Kwa ripoti za ndani nitapita haraka. Mwaka 2004 Jeff Bezos, mwanzilishi wa duka la mtandaoni la Amazon, alipiga marufuku slaidi kwenye vikao vya wakuu wa kampuni hiyo. Wakaanza kuandika waraka usiozidi kurasa sita, unaosomwa kimya kikao kinapoanza. Hakuna machozi humo. Slaidi inaruhusu mambo mawili yasiyohusiana yakae jirani kwa amani. Sentensi kamili inadai "kwa sababu" au "lakini", na hapo ndipo mwandishi anagundua kuwa hana hoja.

Wasiwasi wangu mkubwa uko kwenye shuhuda za wateja. Mama mmoja aliyekopa akajenga nyumba haonyeshi waliokopa wakauza mbuzi. Hadithi nzuri inafunika hesabu mbaya, na mimi ndiye ninayelipwa iwe nzuri. Kwa hiyo nadai idadi ikae sentensi inayofuata: kati ya wakopaji wangapi, wangapi wamelipa. Wateja wengine hukataa. Hapo sijui kama kazi yangu bado ni uandishi au imeshakuwa upakaji rangi.

Kwenye zabuni, sahauni yote haya. Kamati ya tathmini inafuata vigezo vilivyo kwenye nyaraka. Jibuni kimoja kimoja kwa mpangilio wake, ambatisheni vyeti, wekeni saini.