Kifaranga kuhara damu sio minyoo, na uongo mwingine wa bandani

"Vifaranga wana wiki tatu wanahara damu, nimewapa dawa ya minyoo lakini bado wanakufa." Wataendelea kufa ndugu yangu. Kifaranga wa wiki 3 mpaka 6 akihara damu mara nyingi ni koksidia, na koksidia sio mnyoo, ni kijidudu cha seli moja hukioni kwa macho, kinatakiwa amproliamu au dawa za salfa, piperazini, ambayo ni dawa ya minyoo, haikigusi hata kidogo. Kila siku unayopoteza na dawa isiyo yake unahesabu mizoga.

Wengine wanasema mbona sioni minyoo kwenye kinyesi, basi hawana. Utaionea wapi, mnyoo mviringo unakaa utumboni na mayai yake ni madogo mno, wengi wanaukuta siku ya kuchinja. Kifaranga akidonoa yai la mnyoo kwenye maranda zinapita kama wiki 5 mpaka 8 mnyoo ukomae uanze kutaga, ila madhara hayasubiri huko, kiluwiluwi kinajichimbia kwenye ukuta wa utumbo mapema tu, ndo unaona kuku anakula vizuri lakini kilo haipandi na mbawa zinaning'inia. Walio chini ya miezi 3 ndo wanaumia zaidi, wakubwa wanajijengea kinga.

Kwa hesabu hiyo hiyo broila wa wiki 5 aliyekaa kwenye maranda mapya yasiyo na mayai ya minyoo kumpa dawa ya minyoo ni kutupa hela tu (muuza duka hawezi kukwambia hilo). Kienyeji na chotara wengi wanaanzia wiki ya 8 halafu kila miezi 3, wakishinda nje usiruke.

Halafu kuna hii ya "dawa ya minyoo ni dawa ya minyoo". Sio kweli. Piperazini inatoa minyoo mviringo iliyokomaa, midogo iliyojificha inabaki, kwa hiyo unarudia baadae. Tegu haiitoi, na levamisoli, dawa nyingine ya minyoo, pia haiitoi. Ukiona vipande vyeupe kama punje za wali kwenye kinyesi hiyo ni tegu, kuku anaipata kwa kula sisimizi, nzi na mbawakawa, tafuta albendazoli na usome lebo siku za kusubiri kabla ya kula nyama au mayai.

Mbegu za papai? Papai lina kitu kinachodhuru minyoo, sawa, ila kipimo cha kifaranga nani anacho?

Na kupulizia dawa bandani hakumalizi kazi, yai la mnyoo lina ganda gumu, dawa nyingi za kusafishia haziliui. Linachotaka ni joto na unyevu, kama siku 10 mpaka 14 liko tayari kuambukiza. Kwa hiyo maranda yaliyolowa chini ya vinyweshea toa, vifaranga usichanganye na wakubwa, na ukishawapa dawa subiri siku mbili tatu utoe maranda yote, minyoo inayotoka imejaa mayai na kuku anadonoa kila kitu.