Je, wajua kwa nini mchezesha ruleti wa Casablanca hakuandikwa jina?

Katika filamu ya Kimarekani Casablanca, ya mwaka 1942, Rick, mwenye mkahawa, anamwambia kijana mkimbizi aweke fedha zake kwenye namba 22 ya ruleti, kamari ya mpira unaozunguka kwenye gurudumu la namba. Mchezesha ruleti, mwanamume mfupi aliyevaa nadhifu, anamtazama bosi wake kidogo tu. Ameshaelewa. Mpira unatua penye 22, kisha unatua hapohapo tena. Baadaye kapteni wa polisi anaufunga mkahawa akidai ameshtuka kugundua kuwa humo mnachezwa kamari, na papo hapo yule mchezeshaji anamletea fedha alizoshinda. Maneno yake katika filamu nzima ni ya kuhesabika, na orodha ya waigizaji haimtaji.

Huyo ni Marcel Dalio. Miaka mitatu tu kabla ya hapo alikuwa miongoni mwa wahusika wakuu wa filamu ambayo leo huhesabiwa kati ya zilizo bora kuliko zote Ufaransa ilizowahi kutoa.

Alizaliwa Paris, mtoto wa Wayahudi waliotoka Romania, jina lake halisi Israel Moshe Blauschild. Kwa sura yake, watengenezaji filamu walimpa mara nyingi uhuni na uchongezi. Katika Pépé le Moko ya 1937 yeye ni mmoja wa wapashaji habari wa polisi. Mwaka huohuo mwongozaji Jean Renoir aliona kitu kingine. Katika La Grande Illusion alimfanya Rosenthal, mfungwa wa vita kutoka familia tajiri ya Kiyahudi, anayegawia wenzake kila chakula anacholetewa kutoka nyumbani.

Mwaka 1939, katika La Règle du jeu, ndiyo ile filamu bora, Renoir alimpa umarikizi, cheo cha juu cha ukabaila. Akiwa mwenye jumba, anawaonyesha wageni kinanda kikubwa kinachojipiga chenyewe, kitu alichokihangaikia kukipata. Kamera inamsogelea. Hasemi neno, ila usoni mwake fahari na haya vinapishana: anataka kusifiwa, na papo hapo anaona aibu kutaka kusifiwa. Kwangu mimi, sekunde zile zinatosha kumweka Dalio kwenye safu ya juu kabisa. Lakini Paris ya wakati ule iliizomea filamu, na wachukia Wayahudi walikasirika kuona Myahudi amevishwa umarikizi wa Kifaransa.

Juni 1940 Wajerumani waliingia Paris. Dalio na mkewe kijana, mwigizaji Madeleine Lebeau, walikimbilia Lisbon, wakapata viza za Chile, wakapanda meli. Walipofika Mexico ikabainika viza zile ni za bandia. Ilibidi wapate hati za muda za Kanada ndipo wakaingia Marekani. Huku nyuma, wavamizi walikuwa wamebandika picha ya Dalio kwenye mabango, kuwafundisha watu eti Myahudi anavyofanana. Wazazi wake waliishia katika kambi za Wanazi.

Hollywood haikumjua. Lafudhi yake ilimfungia njia ya kuwa stelingi, ila studio zilihitaji Wafaransa wa kusimama nyuma ya meza, mapokezini, mlangoni, na orodha za siku hizo zilitaja waigizaji wachache tu. Casablanca ilijaa wakimbizi wa kweli waliolipwa kwa visehemu vya namna hiyo. Lebeau naye yumo: ndiye msichana anayeimba wimbo wa taifa wa Ufaransa machozi yakimtoka.

Dalio alipokea kila kilichokuja. Alikuwa hakimu, baroni, padri. Hata katika The Snows of Kilimanjaro ya 1952, filamu iliyochukua jina la mlima wetu, ni Mfaransa aitwaye Emile, jina lilelile alilokuwa nalo kwenye meza ya ruleti.

Vita vilipokwisha alianza tena kuigiza kwao, akawa na kazi pande zote mbili za bahari. Mwaka 1973 ilitoka Les Aventures de Rabbi Jacob, kichekesho kilichouza tiketi zaidi ya milioni 7 Ufaransa. Sehemu kubwa ni ya mchekeshaji Louis de Funès, anayejifanya rabi, yaani kiongozi wa dini ya Kiyahudi. Rabi mwenyewe ni Dalio. Sura ileile ya mabangoni sasa ina ndevu nyeupe, na majirani wamejaa mtaani New York kumuaga kwa shangwe, kwa kuwa mzee anarudi kuitembelea Ufaransa alikozaliwa.