Jinsi "hapana" ya Arusha ilivyobadilisha sheria za Rwanda

Kila mwaka nikifika kwenye mada ya mahakama za kimataifa, hakosi mwanafunzi wa kuniuliza: "Mwalimu, kwani Rwanda haikuwa na mahakama zake? Kesi zile zilifuata nini Arusha?" Jibu la haraka ni kwamba baada ya mauaji ya kimbari ya 1994 mahakama za Rwanda zilikuwa magofu, majaji wengi wameuawa au wamekimbia. Lakini mimi huwa sipendi kuishia hapo, maana utamu wa somo hili uko kwenye yale yaliyotokea kesi zilipotakiwa kurudi nyumbani.

Tuanze na adhabu. Baraza la Usalama la Umoja wa Mataifa liliunda ICTR, yaani Mahakama ya Kimataifa ya Jinai kwa Rwanda, iliyokaa Arusha, kwa azimio namba 955 la tarehe 8 Novemba 1994. Rwanda ndiyo iliyoomba mahakama, na mwaka ule ilikuwa na kiti ndani ya Baraza, lakini kura ilipopigwa ikapinga. Sababu mojawapo ilikuwa hii: sheria yake iliruhusu adhabu ya kifo, na mahakama mpya haikuiruhusu. Mwaka 1998 tofauti hiyo kila mtu aliiona. Aprili 24 watu 22 walipigwa risasi hadharani nchini Rwanda kwa hukumu za mahakama za huko. Oktoba mwaka huohuo Jean-Paul Akayesu, aliyekuwa meya wa Taba, mtu wa kwanza duniani kutiwa hatiani na mahakama ya kimataifa kwa kosa la mauaji ya kimbari, alipewa Arusha kifungo cha maisha. Kosa la aina moja, mizani mbili.

Wengi huichanganya ICTR na Mahakama ya Kimataifa ya Uhalifu iliyoko The Hague. Ile ya The Hague hungoja. Huingia pale tu nchi yenyewe isipotaka au isipoweza kushtaki. ICTR haikungoja mtu. Sheria iliyoiunda iliipa kipaumbele juu ya mahakama za nchi zote, ikisema leteni faili na mshtakiwa, basi mnaleta.

Ila mwenye kipaumbele naye hufika siku ya kufunga virago. ICTR ilipotakiwa kumaliza kazi, ilitumia kanuni yake ya 11 bis, inayoruhusu kesi kupelekwa kwenye mahakama ya nchi fulani, kwa masharti: adhabu ya kifo isitolewe, na mshtakiwa apate kesi ya haki. Rwanda ilizitaka kesi hizo. Machi 2007 ikatunga sheria maalumu ya kuzipokea, na Julai mwaka huohuo ikafuta adhabu ya kifo kwa watu wote, siyo kwa wanaotoka Arusha peke yao. (Tanzania, tulioipa mahakama ile nyumba, adhabu hiyo bado tunayo kwenye vitabu vyetu vya sheria. Linaniuma kila ninapolifundisha.)

Hata hivyo, tarehe 28 Mei 2008 majaji wa Arusha walikataa kumpeleka mshtakiwa mmoja, Yussuf Munyakazi, Kigali. Hapa huwa naziweka sheria zile mbili za 2007 mezani, bega kwa bega, na kuwaambia wanafunzi wazisome taratibu. Ya Machi inasema adhabu ya juu kwa kesi za kutoka Arusha ni kifungo cha maisha. Ya Julai, inayofuta kifo, inaweka badala yake kifungo cha maisha ambacho mfungwa anaweza kutengwa, akae peke yake. Sasa jaji wa Kigali angefuata ipi? Majaji walisema hawawezi kumtuma mtu kwenye sheria zisizoelewana.

Sababu nyingine ilikuwa mashahidi wa utetezi. Hii naielewa kwa macho yangu. Nikiwa mwanafunzi niliwahi kukaa kwenye viti vya wasikilizaji pale Arusha, nyuma ya kioo, vifaa vya kusikilizia masikioni. Shahidi alikuwa nyuma ya pazia, akiitwa kwa herufi tu. Wakili akamwuliza kijiji alichokuwa akiishi. Kimya. Kisha sauti ikakatika masikioni mwetu sote, na tukabaki tunatazama midomo ya mawakili ikicheza. Kama jina la kijiji lilikuwa hatari kiasi hicho Arusha, nani angesimama Kigali kumtetea mshtakiwa huku akihofia kwamba na yeye atashtakiwa?

Rwanda haikususa. Novemba 2008 ilitunga sheria iliyosema wazi kuwa kutengwa hakuwahusu wanaotoka Arusha. Mei 2009 ikatoa kinga kwa mashahidi kwa yale watakayoyasema mahakamani, na njia ya kutoa ushahidi wakiwa nje ya nchi. Ndiyo maana nashikilia kwamba kukataa kule kulizigusa sheria za Rwanda kuliko hukumu nyingi za ICTR. Juni 28, 2011 majaji wakakubali kumhamisha mchungaji Jean Uwinkindi. Rufaa ikagonga mwamba Desemba, na Aprili 19, 2012 akakabidhiwa Kigali. Mahakama ya Ulaya ya Haki za Binadamu ya Strasbourg, Oktoba 2011, iliutazama uamuzi huo iliporuhusu Sweden imrudishe Mnyarwanda mmoja. Uingereza haikushawishika: mwaka 2017 Mahakama yake Kuu bado ilikataa kuwarudisha watuhumiwa watano. Sioni kosa hapo. Kila jaji ana wajibu wa kujiridhisha kwa ushahidi ulio mbele yake.

Kuhamisha faili pia hakukuwa kunawa mikono. Arusha ilibaki na uwezo wa kuirudisha kesi, na iliweka waangalizi. Kuanzia 2015 kazi hiyo ilifanywa na wanasheria wa tawi la Kenya la Tume ya Kimataifa ya Wanasheria, waliokwenda Kigali na kuandika ripoti. Hazikuwa ripoti za kusifu tu. Mawakili wa Uwinkindi waligombana na serikali kuhusu malipo, wakaondolewa, naye akawakataa wapya waliopangiwa. Aliomba kesi yake irudishwe. Oktoba 2015 majaji walikataa ombi hilo. Mimi bado linanisumbua, kwa sababu kwenye kesi ya uzito ule, wakili ambaye mshtakiwa hamtaki ni kama kiti kitupu.

Mahakama Kuu ya Rwanda ilimhukumu Uwinkindi tarehe 30 Desemba 2015, kifungo cha maisha. Kesho yake ICTR ikafungwa rasmi.